Mshauri Aliyenipita Sokoni

Mwanangu, nakuita hivyo hata kama sikukuzaa, iko Jumatano moja ninayoikumbuka kuliko siku niliyoolewa. Kikundi chetu cha maombi kilikutana kwa Mama Shiru, hapa Kiandutu, wanawake tumebanana kwenye makochi yenye vitambaa vyeupe. Mama Shiru ndiye aliyekuwa mshauri wa kanisa. Alikuwa amesomea kozi, cheti kimetundikwa ukutani, na mimi niliyeishia darasa la sita nilikiamini kile cheti. Wiki iliyotangulia nilikuwa nimemwendea peke yangu, nikamwambia alichonifanyia Kamande.

Kamande alikuwa msimamizi wetu kiwandani, kule Thika upande wa viwanda, na Jumapili tulisali naye kanisa moja. Yeye ndiye aliyebeba funguo za stoo ya vitambaa. Alinifungia humo akanibaka. Nalitaja jina lake na nalitaja hilo neno, kwa sababu kila niliyemwambia alitaka nilizungushe zungushe.

Basi Mama Shiru akafumba macho, akainua mikono. "Bwana, tunamleta mbele zako dada yetu mmoja, mjane, anafanya kibarua kiwanda cha nguo. Mkubwa wake wa kazi alimwingilia kwa nguvu, Baba. Mponye!"

Hakusema jina langu. Kulikuwa na haja gani? Mjane wa kiwanda cha nguo mle ndani nilikuwa mimi peke yangu. Wanawake wakaitikia, "Eeh Bwana!" Wambui, aliyekaa kando yangu, akanifinya mkono, na hapo nikajua wote wamejua.

Nikamfuata Mama Shiru jikoni, anamimina chai. "Mbona umenianika?"

"Haiya! Kukuanika? Si nimekuombea, wewe? Sema asante."

Mpaka leo anaamini alinitendea wema. Hilo ndilo linaloniuma zaidi, kwamba yule hakuwa hata na nia mbaya. Kamande alisikia, na nikaambiwa getini hakuna kibarua tena. Kijana wangu Kimani, aliyekuwa fomu wani, akaambiwa na wenzake kwenye foleni ya maji. Hakuniuliza kitu. Aliacha tu kuniangalia. Tulikula ugali kwenye meza moja na macho yake yako kwa sahani. Kazi ningetafuta nyingine, lakini mtoto wangu ningemrudisha vipi, na mdomo wangu ulikuwa umefungika?

Muuguzi mmoja aliponiona siku nyingine natetemeka kliniki, akaniambia kuna mshauri kwenye kliniki ya Ruiru. Nilikubali kwa sababu Ruiru hakuna anayenijua. Nilimkuta msichana mdogo anaitwa Mwende, angeweza kuwa binti yangu. Kabla sijakaa vizuri akasema: "Mama, utakayoniambia yanabaki hapa. Nitalazimika kumwambia mtu mwingine nikiona unataka kujiua au kumdhuru mtu, au kama kuna mtoto yuko hatarini. Na hata hapo, nitakuambia wewe kwanza."

Nikamuuliza, "Hata kwa maombi hutasema?"

Hakucheka. "Hata kwa maombi."

Sikumwamini, mwanangu. Nilienda wiki baada ya wiki nikimwambia habari za maji, za bei ya unga, za magoti yangu. Alisikiliza hayo magoti kana kwamba ndiyo yaliyonileta. Siku moja nilimwomba anipangie maneno ya kumwambia Kimani. Akasema, "Nikikupangia, atakuwa anaongea na mimi. Tukae hapa mpaka uyapate yako." Nikaona hana faida.

Halafu ikatokea ile ya sokoni. Nilikuwa Ruiru na shemeji yangu Njeri, tunachagua viazi, nikamwona Mwende anakuja na kikapu. Nikatabasamu. Akanitazama, akapita kama amepita mlingoti wa stima kando ya barabara. Nikageukia viazi vyangu. Nikasema moyoni, huyu naye. Wa kanisa alinianika, wa kliniki ananionea haya.

Wakati mwingine ningekaa nyumbani nisirudi kwake tena. Safari hii hasira ilinipeleka. Niliingia, sikukaa. "Sokoni ulinipita kama mbwa. Kwani mimi ni uchafu?"

Akaweka kalamu chini. "Nilikuona, mama. Ulikuwa na mwenzako. Ningekusalimia angekuuliza mimi ni nani. Ungemjibu nini?"

Njeri angeuliza, angeuliza mpaka apate.

"Ukinisalimia wewe, nitakuitikia," akaendelea. "Kuanza ni kwako. Lakini hili nilipaswa kukuambia siku ya kwanza, na sikukuambia. Nimekuumiza. Pole. Kosa ni langu."

Nikakaa. Kamande hajawahi kusema pole. Mama Shiru alitaka asante. Huyu mtoto wa watu, mwenye ofisi na kiti chake, nilimfokea na hakunifukuza wala hakunihubiria. Siku hiyo nilimwambia habari za stoo kuanzia mlango ulipofungwa, na sauti yangu sikuishusha.

Jumapili iliyofuata nilimngoja Kimani amalize kufua. Nikamwambia, "Kuna kitu ulisikia kunihusu. Nataka ukisikie kwangu." Nikamweleza kwa maneno machache, yangu. Alikausha mikono kwenye shati lake. Kisha akaniangalia usoni.

"Nilijua, mathe. Nilikuwa nangoja wewe uniambie. Nilidhani hutaki nijue, ndiyo nikawa siwezi kukuangalia."

Kamande bado anakaa viti vya mbele kanisani, na mimi sijamsamehe. Mwende hakunisukuma nisamehe.

Sasa nisikilize, mwanangu. Ukiwa na jambo linalokuziba koo, tafuta wa kuambiwa, lakini usipeleke moyo wako kwa cheti. Muulize mapema siri yako itakaa wapi na ni lini atalazimika kuitoa. Akikasirika kwa kuulizwa, shika mlango utoke. Mshauri si rafiki yako wala si mama yako, usimtake aje kwako kunywa chai. Akikuumiza, mwambie kabla hujamkimbia, umwone atafanya nini na hasira yako. Hapo ndipo utamjua. Na wewe ukiaminiwa neno la mtu, usilipeleke hata kwa Mungu kwa sauti. Yeye alishalisikia.

Mungu akupe mtu wa kukusikiliza bila kukuharakisha. Akupe maneno yako mwenyewe, na wale unaowapenda wakuangalie usoni siku zote za maisha yako. Amina, mwanangu.