Maneno Mawili Aliyopewa Jirani

Jirani yangu wa chumba cha pili ni mwigizaji wa filamu fupi, zile ambazo mwongozaji ndiye huyohuyo mbeba kamera na dada yake ndiye mpishi. Haingii mlangoni mara moja kama sisi wengine. Huingia, hutoka, huingia tena, akijaribu bega, akijaribu kikohozi, mikono yake mirefu ikitafuta pa kukaa. Katika filamu hii mpya alipewa maneno mawili tu: "Mama, nimerudi." Aliyanong'ona bombani, akayalia ngazini, akayafokea mashati kwenye kamba, mpaka shangazi wa ghorofa ya chini akawa anamjibu bila kuinua macho kwenye beseni, "Karibu mwanangu, nawa mikono."

Jana filamu ikaonyeshwa, na sisi majirani tukajaza safu nzima, yeye katikati yetu. Huyo hapo kwenye skrini! Amesimama mlangoni, mama amempa mgongo, ukumbi umetulia kama maji mtungini. Akafungua kinywa, akakifunga, akamkazia mama macho mgongoni. Hakusema kitu. Tungevumilia vipi? "Mama, nimerudi!" tukapayuka safu nzima, na shangazi akadakia, "Karibu mwanangu!" Ukumbi ukaangua kicheko. Nikamgeukia jirani yangu, nikidhani ameona haya. Kumbe yuko juu ya kiti, mikono hewani, machozi yanamtiririka. "Nilimwambia mwongozaji macho yatatosha!" alipiga kelele. "Mmeona? Nimenyamaza, na bado mmenisikia!"