Tundu la Silabi Nane

Siku yangu ya kwanza kazini sikuruhusiwa kugusa kitu. Mtunzaji Mkuu wa chumba cha mafunjo, yaani maandishi ya kale, katika chuo kimoja cha Ujerumani, alikuwa mama mrefu mwenye miwani mbili, moja machoni na nyingine ikining'inia shingoni. Alinikalisha mbele ya kipande cha karatasi ya mafunjo kilichobanwa kati ya vioo viwili, akaniambia nikitazame mpaka saa sita mchana. Saa sita ilipofika alikuja kuniuliza nimeona nini. Nilimtajia maneno ya Kigiriki cha kale niliyoweza kuyasoma, ambayo yalikuwa ombi la mgonjwa aliyetaka afya, kisha nikamtajia herufi ndogo zilizoandikwa juu yake. Herufi hizo ndizo alama za sauti. Wagiriki wa kale hawakuwa na mistari mitano tunayoiona katika vitabu vya kwaya. Waliweka herufi juu ya silabi, na mwimbaji akajua apande au ashuke. Alinisikiliza hadi mwisho.

"Na tundu?" akauliza.

Sikuwa nimelitaja. Mwishoni mwa mstari wa tatu palikuwa na tundu lililokuwa limemeza maneno pamoja na herufi zake.

"Kesho utatazama hilo tu," akasema. "Hapa nimeshawaondoa kazini wawili kwa kuziba matundu."

Vijana huniuliza mtu wa Songea aliingiaje katika kazi ya namna hii. Njia yenyewe ilikuwa fupi kuliko wanavyodhani. Kigiriki nilifundishwa seminarini na Padre Gombera, ambaye hakuvumilia silabi iliyotamkwa ovyo. Lugha hiyo, ilipokuwa ikisemwa na wenyewe, ilikuwa na silabi za kupanda na za kushuka, na wenzangu waliteseka nazo. Mimi sikuteseka, kwa sababu mama yangu alikuwa Mmatengo, na Kimatengo nacho hupanda na kushuka. Nyumbani kwetu Matogoro, mama na dada yangu Skolastika walitwanga mahindi kwa wimbo wa Kimatengo ambao mwisho wake uliteremka ngazi kwa ngazi, mpaka mchi ulipotua kinuni. Wimbo huo niliujua kabla sijajua kusoma.

Kazi ya chumba cha mafunjo ilikuwa ya taratibu. Tulipima upana wa kila tundu kwa rula ya kioo, tukalinganisha na upana wa herufi zilizosalia, tukakadiria silabi ngapi zimepotea. Katika kipande changu zilikuwa nane. Kisha tulinakili wimbo wote kwa wino, na mahali pa tundu tukaweka mabano ya mraba, matupu. Msomi akiwa na pendekezo lake aliruhusiwa kuliandika ndani ya mabano hayo, ili kila msomaji ajue kuwa hilo ni lake na wala si la kale. Nilijifunza pia tetrakodi, yaani safu ya sauti nne ambazo mbili za pembeni hukaa palepale na mbili za kati husogezwa juu au chini kubadili ladha ya wimbo. Jioni nilizijaribu kwenye sanduku la uzi mmoja, nililochongewa na fundi wa Bombambili, kule Songea, nikiwa likizo. Fundi huyo aliniuliza ngoma gani hiyo isiyochezeka, lakini vipimo vyangu alivifuata bila kukosea.

Mwaka wa tatu niliombwa nakala ya wimbo ule kwa ajili ya kwaya ya chuo. Kiongozi wa kwaya alilalamika kwamba hawezi kuwasimamisha waimbaji arobaini midomo wazi katikati ya mstari. Nami nilikuwa nimegundua jambo lililonifurahisha mno: sauti zilizotangulia tundu zilifanana na zile za mama kabla mchi haujatua. Nikarudia maneno yaliyotangulia, nikayavika mteremko wa mama, silabi nane kamili. Mabano sikuyaweka. Niliona yangeuchafua ukurasa, na pia nilipenda jinsi wimbo ulivyotimia. Ukumbi ulipiga makofi, nami nikayapokea.

Baadaye nilirudi nyumbani kufundisha katika chuo kimoja cha Dar es Salaam. Mkuu wa Idara alikuwa mwanamuziki hodari asiyesoma Kigiriki. Aliiona nakala ile ya kwaya katika majalada yangu, na bila kuniuliza akaandika makala ndefu kuthibitisha kwamba nyimbo za Wagiriki na za kusini mwa Tanzania zina asili moja. Ushahidi wake mkubwa ulikuwa silabi nane. Aliniletea makala hiyo kwa furaha, siku moja kabla ya kuipeleka kwa mchapishaji.

"Mkuu," nilimwambia, "hizi nane ni zangu."

"Zako kwa maana gani?"

"Ni za mama. Alikuwa akitwangia mahindi."

Aliigeuza karatasi kana kwamba jina la mama limeandikwa nyuma. "Mwezi ujao mimi ndiye ninayepeleka jina lako kwa ajili ya uprofesa. Unalijua hilo?"

"Nalijua."

"Ungenyamaza, nani angejua?"

"Tundu lipo, Mkuu. Yeyote atakayekwenda kulitazama ataliona."

Makala aliiondoa. Jina langu halikupelekwa mwaka ule, wala miaka kadhaa iliyofuata, na kwa muhula mzima tulipishana kwenye ujia bila salamu. Nilimwandikia pia Mtunzaji Mkuu, nikamweleza kila kitu. Jibu lake lilikuwa kadi yenye mistari miwili: alikuwepo ukumbini siku ile, na wale wawili aliowaondoa hawakumwandikia kamwe. Muhula uliofuata Mkuu wa Idara aliingia ofisini kwangu, akaweka makala mpya mezani. "Soma," akasema. "Tafuta matundu." Tangu hapo hakuchapisha kitu kabla sijakisoma, na uprofesa wangu, ulipokuja, ulikuja kwa barua yake.

Sasa nimestaafu, niko Matogoro, nalima mahindi kidogo na kusahihisha kazi za watu. Mwaka jana Agripina, mwalimu wa kwaya ya parokia, aliniomba wimbo wa Wagiriki kwa ajili ya sherehe ya kigango. Nilimpa ule ule, safari hii na mabano yake, nikamweleza kwamba wakifika hapo wanyamaze, wahesabu silabi nane kimoyomoyo, kisha waendelee.

"Babu, watu watasema tumesahau."

"Waache waseme."

Siku ya sherehe walifika kwenye tundu, wakanyamaza. Nami nikaanza kuhesabu. Kabla sijafika mbili, kutoka benchi la mbele dada Skolastika alidakia kwa Kimatengo, sauti nyembamba lakini iliyonyooka, akateremka ngazi kwa ngazi mpaka chini. Silabi nane. Kwaya ikaendelea kana kwamba ilikuwa imepangwa hivyo.

"Mmeimba wa mama," aliniambia tulipotoka, "halafu mkaukata mkia."

Nilimweleza kwamba ule ni wimbo wa Wagiriki, wa miaka mingi kabla ya babu wa babu zetu. Alinitazama kwa huruma.

"Basi na wao walikuwa wakitwanga, mdogo wangu."

Nyumbani niliifungua nakala yangu, nikayaacha mabano matupu kama yanavyopaswa kuwa. Chini kabisa ya ukurasa, mahali pa maelezo, nikaandika kwa wino: *Matogoro, hapa huimba dada yangu.*