Siku Niliyompima Shehe Kiuno Msibani

Jamani, hii aibu mpaka leo nikiikumbuka nafunika uso, na mke wangu akitaka kuninyamazisha mbele ya wageni ananiuliza tu, "Niwasimulie ya futi?"

Enzi zile za Ujamaa nilikuwa nimeteremka kutoka Machame, kijana Mchaga, Mlutheri, nimepanga chumba Kariakoo kwa Wazaramo: Mzee Kondo, fundi cherehani, na mkewe Bi Mwanaidi. Mimi nachora, napiga ngoma, naigiza (kazi tatu, na hata moja haijapata kunishibisha), na kila picha niliyochora nilikuwa najitafuta mimi ni nani, maana nyumbani waliniita mtu wa pwani, na pwani wananiita "yule Mchaga." Nilichokitaka ni kimoja tu, Bi Mwanaidi anihesabu mtoto wa nyumba ile.

Basi Mzee Kondo akafariki. Tumerudi makaburini, wanaume tumekaa mikekani barazani, mara wakaingia Wanyamwezi wawili, mmoja kavaa kanzu ya marehemu, mwenzake anagaragara chini, hatoki mpaka apewe kuku, na watu badala ya kuwatimua wanacheka huku wanafuta machozi! Nikajisemea, kumbe huku msibani kuna maigizo? Tena hawa wanamjua mzee kuliko mimi niliyemchora kila wiki?

Sijui shetani gani alinisukuma. Nikachukua miwani na futi ya marehemu pale juu ya cherehani, nikapachika miwani kwenye ncha ya pua, nikaanza kupima watu viuno huku nakohoa kile kikohozi chake cha asubuhi, nikafika kwa Shehe (Shehe, jamani!), nikamzungushia futi tumboni nikapaza sauti, "Umenenepa wewe, suruali itakukataa!"

Hakuna aliyecheka. Hata yule Mnyamwezi wa kugaragara aliinuka akaketi.

"Kijana," akasema balozi wetu wa nyumba kumi, "wale ni watani wetu, wana haki hiyo tangu enzi za mababu. Wewe mtani wa nani hapa?"

"Mimi... mimi msanii."

"Msanii ndiyo kabila gani?"

Jasho likanitoka mpaka kwenye soksi. Mzee mmoja akasema nifungashe virago leo leo. Ndipo ikatoka sauti ya Bi Mwanaidi, nyuma ya pazia la dirisha, maana alishaingia eda, hawezi kutoka mbele za wanaume.

"Mwacheni. Sogea hapa, Mchaga."

Nikasogea, futi bado inaning'inia shingoni, nikijua ndiyo basi tena.

"Ulipokohoa," akasema taratibu, "niliinuka nikamchemshie tangawizi. Nimefika mlangoni ndipo nikakumbuka." Kisha akaongeza, "Usinifanyie tena hivyo, mwanangu."

Mwanangu! Neno nililolisubiri miaka miwili, na sikuweza hata kulifurahia. Nililia kwa sauti, mtu mzima, mbele ya Shehe na balozi.

Tangu siku hiyo nikienda msibani naomba kazi ya kuchota maji, na maji yakiisha naikalia mikono yangu.