Funga ya Hasifa

Hasifa binti Swaib alizaliwa Koboko, kaskazini-magharibi mwa Uganda, katika ukoo wa Wanubi ambao wanaume wake walirithishana jeshi kama wengine wanavyorithishana shamba. Yeye alikuwa binti wa kwanza wa ukoo huo kuvaa sare. Bunduki hakupewa. Alipelekwa nchi ya mbali, akawekwa mbele ya skrini atazame picha zinazoletwa na ndege isiyo na rubani.

Siku kumi na moja alimtazama mwanamume mmoja aliyechechemea, aliyewamwagia kuku nafaka kabla hajala mwenyewe. Kila asubuhi mtu huyo alichimba kando ya barabara wanayopita askari.

"Anatega bomu?" mkubwa wake akauliza.

"Ndiyo, afande."

Ndege ikapiga. Hasifa akaamriwa aendelee kutazama, ahesabu maiti. Zilikuwa tatu: yake, na za wawili waliokuja kumsaidia kuchimba. Aliwaona wanawake wakiokota walichoweza, wakikiweka kwenye shuka. Wiki iliyofuata jamaa zao wakarudi kumalizia kuchimba, na maji yakapita chini ya barabara mpaka kwenye bustani ya mboga.

Hakuna aliyemlaumu. Ripoti ilisema alifuata taratibu. Mkataba ulipoisha akaacha jeshi.

Koboko majirani walimpokea kwa furaha: amerudi mzima. Lakini alikuwa hali chakula, na akiona mtu ameshika jembe anageuza uso. Mwishowe baba yake, koplo mstaafu, akamwita.

"Wewe hukupiga hata risasi moja. Kitu gani iko inakusumbua?"

Akamweleza yote.

"Mimi niliua watu," Mzee Swaib akasema. "Lakini hao na wao walikuwa wananitafuta. Hii yako, mwanangu, mimi sijui dawa yake."

Akampeleka Arua kwa Sheikh Sulaiti.

"Aliyeua kwa kukosea," sheikh alisema, "analipa fidia kwa jamaa ya marehemu, halafu anafunga miezi miwili mfululizo. Jamaa wako wapi?"

"Sijui, sheikh. Hata majina sijui. Tulikuwa na namba tu."

"Walikuwa wangapi?"

"Watatu."

Sheikh akainamisha kichwa. "Basi funga miezi sita."

Akafunga, jua kali na mvua, huku akilima karanga kwa shangazi yake kule Abuku. Siku ya mwisho Swaib alimchinjia kuku.

"Sasa moyo umetulia?"

"Hapana, baba."

Kesho yake Hasifa akafunga tena. Swaib hakumkataza. Alisukuma kikombe chake cha chai pembeni, akafunga naye.