Diski Ambayo Mashini Yetu Haikuiona

Mwanangu, kuna asubuhi moja hainitoki moyoni. Mama yangu alikuja kazini kwangu amevaa kitenge chake cha kanisani, na haikuwa Jumapili. Wakati huo nilikuwa msichana, nachapa barua za watu katika sekretariati ya Papa Assani, karibu na gare ya Kamina, kituo cha treni. Papa Assani alikuwa mzee wa Kiislamu, wa zile familia za wafanyabiashara zilizotoka Maniema zamani. Alikuwa na kompyuta moja tu, nayo imezeeka, na ndiyo iliyotulisha wote pale.

Mama alikuja kusikia sauti ya mama yake.

Nkambo, yaani bibi yangu, aliishi Kinkondja, akikausha samaki kando ya ziwa. Kaka yangu Kalenga, aliyekuwa akipiga video za harusi, aliwahi kwenda kumwona na kamera yake. Baadaye wanamgambo wakafika upande ule, watu wakakimbia, na Nkambo akafia njiani. Hatukumzika sisi. Mama hakubaki na hata picha. Kalenga alikuwa amehamia Zambia kutafuta maisha, na kutoka huko akampa msafiri diski moja kubwa atuletee. Alisema Nkambo yuko humo.

Nikafungua kompyuta, nikaunganisha diski, nikawasha. Mashini ilianza kutambua vyombo vyake kimoja kimoja, ikafika kwenye ile diski, ikaganda. Nikazima, nikawasha, ikaganda palepale. Nyuma ya diski kulikuwa na kipini kidogo. Ukikihamisha, diski inajionyesha kuwa ndogo kuliko ilivyo. Nikakihamisha. Safari hii mashini iliwaka, lakini ikasema diski haijaandaliwa, ikauliza kama iiandae. Kuiandaa, mwanangu, ni kufuta kila kilichomo.

Mama alitazama kioo muda mrefu.

"Kalenga alisahau kutia," akasema. "Haina kitu. Andaa tu, utaitumia kwa kazi."

Papa Assani alikuwa amesimama nyuma yetu. Akaweka kiganja chake juu ya kibodi.

"Acha kwanza. Mashini ilisema kama diski haina kitu?"

"Hapana, Papa. Inasema haijue kuisoma."

"Basi ndiyo vile. Kutojua kusoma ni ya mashini, haiko ya diski. Weye uliuliza ndugu yako?"

Hakunipigia kelele, lakini maneno yale yaliniingia. Akanipa simu yake mwenyewe.

"Ile mashini iko muzee, leki yangu mudogo," Kalenga akaniambia. "Wakati banaitengeneza, diski kubwa kama hii hazikuwako. Haijue kuhesabu mpaka pale. Rudisha kale kapini, usiguse kitu. Miye nitatuma programu mupya ya carte mère kwa diskete."

Carte mère ndiyo ile sahani kubwa ya ndani inayobeba vyote.

Tukangoja treni ya kutuletea diskete. Treni zetu unazijua, zinakuja zikitaka. Kila filimbi ilipolia, mama alitoka nyumbani akaja gare, hata treni ikiwa ya mizigo tu. Nilimwona kupitia dirisha, amesimama kando ya reli, akiangalia watu wanashuka. Siku hizi filimbi ikilia, bado nageuza kichwa kumtafuta pale.

Diskete ilipofika, nilimweleza Papa Assani wazi: umeme ukikatika katikati ya kazi hii, carte mère inakufa, na sekretariati inafungwa. Akamgeukia mama, aliyekuwa ameketi mlangoni.

"Miye nilizika mama yangu na mikono yangu," akasema. "Huyu hakumuzika wake. Fanya."

Akajaza mafuta kwenye jenereta, akaketi kando yake, asiruhusu mtu kupita. Nikaanza. Kioo kikawa cheusi. Nilisikia jenereta inakohoa, nikafumba macho. Nilipofumbua, mashini ilikuwa inajiwasha upya. Ikaanza kutambua vyombo, ikafika kwenye diski, ikapita.

Nikafungua kipande cha kwanza cha video, Nkambo akatokea, amechuchumaa mbele ya moshi, mikono imejaa magamba.

"Kalenga, kile kintu chako kinakula samaki? Kiweke chini, kuya ugeuze hizi."

Mama alisogeza kiti mpaka magoti yakagusa meza. "Niko hapa, Mama," akamjibu. "Miye nitazigeuza." Waliongea hivyo, mmoja ndani ya kioo na mwingine nje, halafu mama akaniambia nisimamishe.

"Kuko ingine bado," nikamwambia.

"Iache. Nikimaliza yote leo, kesho hatakuwa na neno la kuniambia."

Alikuwa akija kuangalia kidogo kidogo. Alipofariki, kipande cha mwisho kilikuwa bado hajakiona. Hata mimi sijakifungua.

Nimekihamisha kutoka diski hadi diski, na leo kiko kwenye hii ninayokupa. Ni ya tera tatu, na mashini yako ya zamani inaweza kuishia mbili, kama ile yetu iliyoshindwa na giga themanini. Kwanza ujue carte mère yako inaona mpaka wapi. Uitafutie programu mpya, na umeme uwe wa uhakika. Programu ikikosekana, tia diski kwenye boksi lake la USB, uichomeke kwa nje. Mashini ikikuuliza kama iifute, kataa, hata kama umechoka, hata kama mtu unayempenda amekata tamaa kando yako. Na binadamu pia, mwanangu, usiseme moyoni mwake hamna kitu kwa sababu wewe umeshindwa kumsoma. Muulize, umngoje.

Mungu akupe macho ya kuona mbali, na akupe watu wa kukaa nawe wakati unangoja. Wazee wetu wakusikie unapowaita. Na siku utakapofungua kile kipande, unisalimie mama, maana atakuwa amekuja kuangalia nawe.