Kichwa Kumi na Moja, Inshallah

Nauza kofia mjini Ibra, Omani, na wateja wangu wote ni wanawake. Wanaume ndio wavaaji, lakini dukani kwangu hawaingii, kwa hiyo vichwa vyao huletwa kwa mdomo. Mke, mama au dada husimama mbele ya meza na kutaja nambari ya kipimo: kumi, kumi na robo, kumi na nusu. Siwezi kumzungushia utepe mume wa mtu, basi naandika ninachoambiwa.

Nina daftari la vichwa, na daftari limenifundisha mengi. Mume akipandishwa cheo wizarani, kichwa nacho hupanda robo. Akistaafu, hakishuki. Bwana mmoja wa Nizwa alianza na kumi. Alipopewa gari ya serikali mkewe akaja kuchukua kumi na nusu. Nilimuona harusini, kofia imemkalia masikioni kama sufuria iliyofunika kikombe.

Kazi hii nilijifundisha mwenyewe, kwa kufumua kofia kuukuu ya marehemu baba, iliyotoka naye Unguja, uzi mmoja mmoja. Kwa hiyo nilijihesabu mtu wa vipimo, na wengine nikawahesabu watu wa maneno.

Mshonaji wangu bora ni msichana wa Al Qabil. Alipoposwa na kijana wa Sur, aliamua kumshonea kofia ya harusi kwa mkono wake: viua vya uzi mweupe juu ya kitambaa cheupe, miezi minne. Alichoniomba mimi ni kitu kimoja tu, kipimo.

Nikamwandikia mama wa bwana harusi kwenye simu maswali mawili kwa mkupuo: Jumatano atafika saa ngapi dukani, na kichwa cha mwanawe ni kumi na ngapi. Akajibu: "Kumi na moja, inshallah." Nikaandika kumi na moja. Jumatano alikuja, alasiri imeshaanza kupoa, akanywa kahawa, akasifu vitambaa, akaenda zake. La kichwa halikutajwa, maana mimi nilikuwa nimeshaliandika.

Wiki moja kabla ya harusi kofia ilipelekwa Sur kujaribiwa. Ikarudi picha: bwana harusi hana nyusi. Kichwa chake, kilipopimwa kweli, kilikuwa kumi na robo.

Msichana alikuja dukani na macho mekundu.

"Mama yake amejisifia tu, shangazi," alisema. "Kichwa yake ndogo, yeye anataka kubwa. Bora nimjue mapema ni mtu gani."

"Kichwa chake kidogo," nilimsahihisha. Bado nilikuwa na usahihi wa kuwagawia watu.

Nikafungua simu nimuonyeshe uongo wa mama mkwe wake kwa maandishi. Nikayakuta maswali yangu mawili, na chini yake jibu moja. Kwetu saa kumi na moja ndiyo wakati anapokuja mgeni wa alasiri. Na hakuna mtu, hata mama wa Sur, anayesema kichwa cha mwanawe ni kumi na moja inshallah.

Ningeweza kuifunga simu ile. Mji mzima ungeniamini mimi, kwa kuwa mama wote hujisifia na daftari langu ni shahidi. Lakini msichana huyu alikuwa anakwenda kuingia nyumba ya watu akiwa ameshamdharau mwenye nyumba, na dharau hiyo nilikuwa nimeishona mimi.

Mama mkwe mwenyewe aliingia saa ile ile, kofia mkononi. Nikampa shikamoo ya mkosaji.

"Marahaba. Leo shikamoo, bibie? Umekosa nini?"

Nikawasomea wote wawili ujumbe, kwa sauti, pamoja na inshallah yake. Mama akaiweka kofia mezani.

"Na mimi nilikujia saa kumi na moja kamili," alisema. "Ulidhani nimekuletea kichwa?"

Nikasema nitakata ukingo, vidole viwili, viua viwili vitapotea, na gharama ya aibu ni yangu. Nikachukua mkasi.

"Usiguse," alisema mama. "Majirani wameshaiona nambari uliyoiandika ndani. Nimewaambia ndicho kichwa chake."

Msichana akamtazama, na mdomo ukaanza kumcheza. "Mama, itamfika puani."

"Basi tia kitu ndani, mwanangu. Wewe si fundi?"

Akakata kipande cha kitambaa cheupe, akakikunja mara tatu, akakaa chini karibu na mama mkwe wake kukishonea ndani ya ukingo, huku mama akimshikia kofia. Walicheka mpaka sindano ikapotea. Waliyekuwa wakimcheka ni mimi, nami nilitafuta sindano.

Siku hizi sipokei nambari. Nataka uzi uliozungushwa kichwani na kukatwa pale pale. Vichwa vya Ibra vimepungua sana, na yule bwana wa Nizwa amerudi kwenye kumi.