Namba ya Mguu wa Baba

Baiskeli ya baba haikuwa na breki, na kwetu hakuna mtu aliyeona hiyo ni habari. Breki ilikuwa gambuti, yale mabuti ya mpira. Ukiteremka na mitungi ya maziwa hadi kituo cha kupozea, unakandamiza tairi ya nyuma kwa soli ya mguu wa kulia mpaka usikie harufu ya mpira unaoungua. Nilikuwa nikimwambia mama kwamba gambuti ya kulia imestaafu kabla ya mwenzake na serikali haijatuma pensheni. Mama hakuwa akicheka, lakini hakuwa akikataa pia.

Asubuhi ile ukungu ulikuwa umelalia majani chai, ule ukungu ambao ng'ombe wako anakohoa mbele yako na humwoni. Barabara ilikuwa matope. Mimi nilikuwa nyuma kwa miguu, naenda shule. Pikapu ikatokea kwenye kona, imebeba magunia ya mahindi kutoka Mulot, baba akakandamiza gambuti, gambuti ikateleza, pikapu ikamgonga. Nilipofika niliona maziwa kwanza, yakishuka mtaroni, na nikawa tayari nimeshapata mzaha kuhusu paka wa kijiji. Halafu nikaona mguu wa baba umeangalia upande ambao mguu hauangaliagi.

Aliyeshuka kwenye pikapu ni jirani yetu, ambaye aliingia jandoni pamoja na baba. Kwa Wakipsigis hilo si jambo dogo. Rika la baba ni baba zako, na binti zao ni dada zako, sheria ambayo nimeilalamikia sana kwa sababu jirani huyo ana mabinti wazuri. Alimbeba baba mwenyewe, akamlaza juu ya mahindi, akatupeleka hospitali ya misheni.

Daktari aliuliza imekuwaje. Jirani alikuwa amesimama karibu na kitanda, anaangalia dari kama mtu anayetaka kununua mabati.

"Nilianguka tu," baba akasema. "Matope."

Nikafungua mdomo. Baba akanitazama. Nikaufunga, kitu ambacho walimu wangu wangelipa kiingilio kukiona.

Daktari akaandika. Alituambia mfupa umevunjika vibaya, na plasta peke yake haitaunyoosha. Baba alihitaji kuwekewa chuma katika hospitali kubwa, tena upesi, kabla mfupa haujashikana ulivyo. Sisi tuna ng'ombe wawili na majani chai ya kujaza kikapu. Hatuna chuma. Lakini pikapu ilikuwa na bima, na bima ya gari humtibu mtu aliyegongwa na hilo gari. Shida ni kwamba kwenye karatasi pikapu haikuwa imemgonga mtu yeyote. Ilikuwa imepita tu, ikakuta mzee ameanguka, ikamsaidia. Karibu ipewe medali.

Hapo ndipo nilipomkumbuka senge, yaani dada yake baba kwa Kipsigis, anayefanya kazi ofisi ya rekodi katika hospitali hiyohiyo ya misheni. Kazi yake ni kugeuza maumivu ya watu kuwa namba. Faili likishatoka wodini analisoma, kisha anaingiza kwenye kompyuta namba ya kidonda na namba ya kilichosababisha kidonda, namba ambazo dunia nzima inazitumia. Nilikuwa nimewahi kumtembelea likizo akanionyesha. Mwendesha baiskeli akigongana na mtu au mnyama, kuna namba. Akigongana na baiskeli nyingine, ipo. Na pikipiki, ipo. Hata na treni, na sisi huku treni tunaziona kwa kalenda. Siku ile nilicheka mpaka akanifukuza. Nilimwambia ng'ombe wa jirani ameandikwa huko Ulaya kabla mimi sijapata kitambulisho.

Safari hii sikucheka. Baba alikuwa ameandikwa V18, mwendesha baiskeli aliyeumia bila kugongana na chochote. Gari au pikapu ni V13. Nilimwambia senge ni kitufe kimoja tu, afute nane aweke tatu, na mguu wa kaka yake unyooke.

Alivua miwani. Macho yake yalikuwa mekundu, nikajua hilo alishalifikiria kabla yangu.

"Mimi naandika kile daktari ameandika," akasema. "Na daktari ameandika kile baba yako amesema. Mwambie aseme. Aseme leo, nitaomba daktari arekebishe leo."

Nikarudi wodini mbio. Baba alikuwa anakunywa chai, ile ya hospitali ambayo haijawahi kukutana na ng'ombe. Nilimweleza yote, taratibu, bila mzaha hata mmoja. Nikamwambia polisi watakuja kuandika, bima italipa, jirani hatafungwa. Hilo la mwisho nililitunga, sikuwa na uhakika.

Alisikiliza hadi mwisho. Baba ni mtu wa kusikiliza, ndiyo maana nilidhani nimeshinda.

"Nikimtaja yule kwa polisi," akasema, "siku nikifa nani wa rika langu atashika jembe la kunichimbia kaburi?"

Nikamwambia kijiji kizima kina majembe. Aligeukia ukutani, yeye na plasta yake, na chai ikapoa pale juu ya kabati.

Senge alikuja mwenyewe jioni, akakaa, wakaongea Kipsigis kwa sauti ya chini. Alipotoka hakuniangalia. Ile nane ilibaki nane. Mfupa nao haukungoja wazee wamalize heshima zao. Siku walipokata plasta, mguu wa kulia ulikuwa umepinda na kuwa mfupi kuliko mwenzake, na daktari alitueleza kwamba kuunyoosha sasa ni kuuvunja upya, kwa chuma kilekile ambacho hatuna.

Maziwa yetu siku hizi yanabebwa na pikapu ileile. Jirani anayapitia kila asubuhi bila kutudai chochote. Jumapili anakuja, wanakaa na baba nje na mursik, maziwa yetu ya mgando ya kibuyuni, wanaongea habari ya ndama na mvua. Watu wanamsifu: huyo ndiye mtu wa rika.

Juzi alimletea baba zawadi, tairi kuukuu ya pikapu. Fundi wa viatu pale sokoni alikata kipande, akakishona chini ya kiatu cha kulia ili miguu ilingane. Baba alisimama, akapiga hatua, akatikisa kichwa kwa shukrani. Anatembea juu ya ile tairi.

Jirani alinigeukia. "Wewe ndiye wa utani. Mbona umenyamaza?"

Baba alikuwa ananitazama, vilevile kama siku ile wodini. "Kiatu kimetoka kizuri, baba," nikamwambia jirani.